Mkunga na Kahawa ya Jumapili

Kwanza niseme hili, maana kijijini wamekwisha kulisahau: yeye mwenyewe hakupenda kahawa. Aliipika kila Jumapili kwa miaka, na kila Jumapili alikunywa funda moja tu, akakunja uso kama mtoto aliyepewa kwinini, kisha akarudia bakuli lake la uji wa wimbi. Siku nilipomuuliza sababu nilikuwa bado mke mgeni, sijui lipi huulizwa na lipi huachwa. Alinijibu bila kugeuka kutoka mekoni.

"Ukipatia mtu uji, atakunywa aende. Hii kitu ni moto na ni chungu. Lazima akae."

Nitamwita Mkunga, kwa sababu sote tulimwita hivyo, hata padri akimtafuta baada ya misa. Jina alikuwa nalo, lakini limetajwa vya kutosha katika vilima vya kwetu, na limetajwa vibaya. Acha lipumzike.

Nyumba yake ilikuwa Kiogoro, boma la pili kutoka letu, na kati yetu ulikuwa ua wa michongoma wenye tundu ambalo kila mtu alilipita na hakuna aliyekiri kulitoboa. Mimi niliolewa pale miaka michache baada ya uhuru, nikitokea upande wa Itumbe ambako watu walikuwa wanaanza kupanda majani chai na kujiona wajanja. Nilikuja na sanduku moja, mablanketi mawili, na mdomo. Mama mkwe wangu alisema mdomo ndio uliokuwa mzigo mzito kuliko yote. Alisema kwa utani, na wakati ule lilikuwa jambo la kucheka.

Kila shamba la Kiogoro lilikuwa na kahawa, na hakuna jiko lililokuwa nayo. Tuliichuma, tukaibeba kichwani hadi kiwandani, nayo ikaenda huko iendako. Nusu ya kijiji walikuwa Wasabato, na kwa Msabato kahawa ilikuwa kitu cha kuuza, si kitu cha kuingiza mwilini. Mtu alipalilia, akapogoa, akachuma mpaka vidole vikawa vyeusi, kisha akisikia harufu ya kahawa hiyo hiyo ikikaangwa, anaziba pua na kuharakisha mwendo. Mimi nilizaliwa Mkatoliki nikaolewa katika nyumba ya Wasabato, kwa hiyo nilijifunza kuziba pua nikiwa mtu mzima. Sikuwahi kuwa hodari.

Mkunga alibaki Mkatoliki. Alikuwa mjane, na nyuma ya nyumba yake kulikuwa na mashina arobaini hivi ya kahawa. Mbivu alizipeleka kiwandani kama kila mtu. Zile zilizokaukia mtini, zile tunazoziita mbuni, alijiwekea. Alizianika juu ya gunia, akazitwanga kinuni, akazipepeta, akazikaanga katika kigae cha chungu mpaka zikapasuka na moshi wake ukafika barabarani. Kisha akazisaga kwa jiwe. Alikuwa na mawe mawili ya kusagia, moja la wimbi na moja la kahawa, na ole wake aliyeyachanganya. Wimbi lililopita kwenye jiwe la kahawa hubaki na harufu, na rafiki zake Wasabato wasingeweza kunywa uji huo. Nilimwona siku moja akimwaga bakuli zima la unga kwa sababu binti wa shemeji yake alikosea jiwe. Hakumgombeza. Aliwamwagia kuku, akaanza kusaga upya.

Jumapili aliichagua makusudi. Sabato ilikuwa imepita jana yake, na yeye alikwenda misa ya kwanza akarudi umande ukiwa bado majanini. Saa tatu, saa nne hivi, ndiyo saa pekee katika juma ambayo wanawake wa pande zote mbili walikuwa na mikono mitupu. Tulikuja na vitoto vyetu mgongoni, na shemeji yake mzee alikuja akaketi nje kwenye gogo bila kusema neno mpaka aondoke. Kulikuwa na viazi vitamu, njugu, ndizi za kuiva. Kulikuwa na birika mbili: nyeusi ya kahawa kwa Wakatoliki na kwa yeyote asiyejali, na nyingine nyeupe ya mchaichai kwa sisi Wasabato, ambayo kahawa haikuwahi kuigusa hata siku moja.

Kabla hajamimina, alionja kutoka kila birika mbele ya macho ya kila mtu. Hiyo ni adabu ya kwetu. Mwenyeji hunywa kwanza, mgeni aone, ndipo mgeni apewe. Hakuna anayesema ni kwa nini, na kila mtu anajua ni kwa nini. Kwetu watu wameogopana vikombe tangu zamani, na nyumba ambayo mwenyeji wake anasahau kuonja hukosa wageni kabla ya mwaka kuisha. Mkunga hakusahau kamwe. Hilo funda moja lililomkunja uso ndilo lililotufanya tunywe bila wasiwasi.

Alikuwa na tabia ya kukutazama miguu kabla ya uso. Ukiingia, macho yake yanashuka kwenye vifundo vyako, yanakaa hapo kidogo, ndipo anakusalimu. "Bwakire, mokamwana," angeniambia, maana yake habari ya asubuhi, mke wa mwanetu. Asubuhi moja baada ya salamu akaongeza, "Mwambie mama mkwe wako apunguze kukutuma maji." Nilibisha. Mwezi uliofuata nikajua kwamba nilikuwa na mimba, na kwamba miguu yangu ilikuwa imeniumbua.

Mikono yake ilizalisha karibu watoto wote wa kile kilima, na bado hakuvumilia mtoto alie nyumbani mwake siku ya kahawa. "Nimewasikiliza juma zima," angesema, "leo nyamazisha huyo au umrudishe alikotoka." Wanaume aliwakemea kama vifaranga. Lakini niliwahi kumkuta akilia peke yake kwa ajili ya mbuzi aliyekufa akizaa, akilia kwa sauti, wala hakuona haya nilipoingia.

Na alipenda umbea. Niseme kweli, asije akageuzwa malaika. Alipenda umbea kama sisi sote, ila kwake uliingia tu, haukutoka. Mnajua kwetu mwanamke uchungu ukimkwamia huulizwa kama ana jambo analoficha, hasa jambo la mwanamume mwingine, kwa sababu inaaminiwa kwamba mtoto hukataa kutoka penye siri. Mkunga alikuwa amesikia majibu ya wanawake wa kilima kizima. Jumapili waliketi mbele yake, mmoja mmoja akiwa na lake, wakinywa na kucheka, naye akiwapitishia njugu. Nilikaa miaka katika nyumba ile na sikuwahi kuona hata jicho lake likimtazama mtu kwa namna ya kusema ninakujua. Alikuwa na neno lake: "La uchungu lizikwe na kondo." Alilisema akisuuza vikombe, kwa sauti ya mtu anayekukumbusha kufunga mlango.

Sasa Kemunto. Huyu ndiye aliyekuwa rafiki yake hasa, tangu wote wawili walipoletwa Kiogoro wakiwa wake wachanga. Mumewe alikuwa mzee wa kanisa la Sabato, mtu mwema na mgumu, wa neno moja. Kemunto alikuwa mwembamba, mkimya, akicheka huziba mdomo kwa kiganja. Alikuwa amezika wana wawili katika mwaka mmoja, na hakuwa na wengine. Alikuja kila Jumapili akaketi mahali pale pale karibu na mlango wa chumba cha ndani, na Mkunga alimletea kikombe chake kutoka humo ndani, kikombe cha bati chenye kifuniko. "Mchaichai wa Kemunto huchemshwa zaidi," alituambia, "kifua chake si kizuri." Nasi tuliamini.

Siku moja mvua ilikaribia, Kemunto akatoka mbio kuanua mtama wake, akaacha kikombe. Mwanangu wa kwanza alikuwa anakohoa. Nikasema moyoni, mchaichai uliochemka sana utamfaa. Nikafunua, nikaonja kwanza kama ulikuwa wa moto. Ilikuwa kahawa nyeusi tii, imetiwa sukari.

Nikainua macho. Mkunga alikuwa amesimama mlangoni na birika mkononi, akinitazama. Hakuonyesha hasira wala woga. Alikuja, akafunika kile kikombe taratibu, akampangusa mwanangu kamasi kwa ncha ya leso yake, akaenda kumimina kwa wengine.

Nilikaa na jambo lile tangu mahindi yakipandwa hadi msimu wa kuchuma kahawa. Nataka angalau hilo nihesabiwe. Kisha siku moja tuko shambani, mimi na wifi yangu Moraa, vikapu viunoni, jua limetuchosha, tunataniana ili siku iishe. Moraa akaigiza mumewe Kemunto alivyohubiri Sabato iliyopita juu ya mwili kuwa hekalu. Aliigiza vizuri sana, nikacheka hadi nikashika tawi. Nikasema, "Na mke wake je, anayekunywa kahawa kila Jumapili ndani ya kikombe chenye kifuniko!" Tukavunjika mbavu. Ulimi hauna mfupa. Wangu siku ile ulikwenda wenyewe, nami nilikuwa nacheka nyuma yake.

Moraa hakuwa mbaya. Alimwambia mtu mmoja tu, naye yule akamwambia mtu mmoja tu.

Wazee watatu wa kanisa walikaa nyumbani kwa Kemunto siku ya Jumapili, saa ile ile ya kahawa. Mimi niliitwa kwa sababu ndimi niliyeonja. Mama mkwe wangu alinipeleka. Kemunto alikuwa ameketi sakafuni, mikono mapajani. Mumewe hakuketi na wazee wenzake. Alisimama karibu na ukuta, kofia mkononi. Tangu Ijumaa alikuwa amesema mbele ya watu kwamba mke aliyefutwa katika kitabu cha kanisa hatalala katika nyumba ya mzee wa kanisa, na mwanamume wa kwetu akisema mbele ya watu hana njia ya kurudi nyuma. Mwanamke wa umri ule, hana mwana, akirudishwa kwao anarudi kwa nani? Wazazi wake walikuwa wamekufa. Kaka zake walikuwa na wake ambao hawakumjua. Nilimtazama nikatamani nife.

"Wewe mke wa kijana wetu," mzee mmoja akaniuliza, kwa upole kabisa, "ulionja?"

"Nilionja."

"Ilikuwa nini?"

Kabla sijafungua kinywa, sauti ikatoka mlangoni. "Huyo mtoto muacheni. Mniulize mimi." Mkunga alikuwa ameingia bila kuitwa, bado na nguo zake za misa. "Ilikuwa kahawa. Mimi ndiye nilimtilia."

"Akijua?"

"Hakujua. Nilimwambia ni mchaichai umechemka sana. Niliona kifua kinamsumbua, nikafikiri itamsaidia. Yeye alikunywa tu kwa kuniamini."

"Kila Jumapili, na asijue?"

"Hajawahi kuonja kahawa maishani, angeijulia wapi?"

Niliona Kemunto akiinua kichwa, midomo ikifunguka. Mkunga akamgeukia. Jicho lile nilikuwa nalijua. Alinitazama hivyo siku nilipomzaa mwanangu wa kwanza, nilipotaka kusukuma kabla ya wakati. Kemunto akafunga mdomo.

Mabega ya mumewe yalishuka, na nadhani hata wazee walifurahi, kwa kuwa hakuna aliyetaka kumfukuza mama yule. Walisema Kemunto hana hatia, ila asikanyage tena nyumba ile. Wakasali. Tulikuwa tunainuka wakati ajuza mmoja aliyekuwa amejikunyata pembeni, mama mdogo wa mwenye nyumba, aliposema kama anayejisemea mwenyewe:

"Kama alimtilia kahawa miaka yote hii bila yeye kujua, sisi wengine alitutilia nini?"

Nilimwona Mkunga akisimama pale na mkono juu ya fremu ya mlango, na nikaona inamfikia. Nadhani hakuwa amefikiria. Alikuja na akili ya haraka ya mtu anayemwokoa mtoto aliyekwama, anashika kinachoshikika na kuvuta. Alitaka kubeba kosa dogo la rafiki yake, na kwa maneno yake mwenyewe, mbele ya mashahidi, akawa mtu anayewatilia watu vitu vikombeni. Kwetu hakuna kosa kubwa kuliko hilo. Angeweza kugeuka na kusema amedanganya. Kemunto alikuwa hapo sakafuni, anamtazama. Mkunga alituaga, akaenda zake.

Jumapili iliyofuata moshi wa kahawa ulipanda kama kawaida, na hakuna mtu aliyepita tundu la ua. Nilisimama upande wetu wa michongoma nikamwona ameweka viazi mezani, amevifunika kwa majani ya mgomba. Adhuhuri akavifunua, akawapelekea kuku. Alifanya hivyo Jumapili nne au tano. Hata shemeji yake mzee alikata mguu.

Hakuna aliyemgusa, na sitaki kuwasingizia majirani zangu. Hakuna aliyemrushia jiwe wala kumchomea nyumba. Walimwacha tu. Mtoto aliyekufa miaka mitatu nyuma akakumbukwa upya, ikaulizwa ni nani alikuwa wa kwanza kumshika. Mimba zikaanza kupelekwa kwa mkunga wa kilima cha pili, mwanamke mwenye mikono mizito na harufu ya ugoro. Wanawake wale ambao siri zao alikuwa amezizika miaka yote ndio waliovuka barabara wakimwona. Hakufungua kinywa juu ya hata mmoja wao. Angetaka, angekichoma kilima kile kwa ulimi tu.

Nami nilifanya nini? Nilinyamaza. Mtu wa mdomo kama mimi, siku iliponipasa kusema nilinyamaza. Nilijiambia nikisema kweli Kemunto atafukuzwa, na hilo lilikuwa kweli, lakini si hilo tu lililonifunga. Niliogopa kwamba nami nitaachwa. Mimba yangu ya pili ilipofika miezi tisa, mama mkwe wangu alimwita yule wa kilima cha pili. Uchungu ulinishika mchana, mtoto amekaa vibaya, nikapiga kelele mpaka sauti ikakauka. Kati ya nyumba yetu na yake ni ua tu. Alinisikia tangu mwanzo hadi mwisho. Nilijua kwamba ananisikia, na kwamba angemgeuza yule mtoto kwa mikono miwili na kuniambia nipumue, na nilijua hawezi kuja kwa sababu hakuitwa. Mtoto wangu alitoka akiwa hana uhai. Alikuwa msichana.

Asubuhi tulikuta kwenye tundu la ua fungu la kuni kavu na chungu cha uji wa wimbi umefunikwa. Mama mkwe wangu alizichukua kuni. Uji aliumwaga.

Baadaye mume wangu alipata kazi katika duka huko Masimba, tukahama, na nilishukuru kuhama. Tulirudi Kiogoro kwa mazishi na kwa likizo. Nilipomwona Mkunga kwa mbali, mgongo ukianza kupinda, niligeukia upande mwingine na kujifanya natafuta kitu mfukoni. Miaka ilikwenda hivyo, tisa au kumi. Kemunto naye, nilivyosikia, alitii wazee. Hakukanyaga tena nyumba ile. Alipita njia ya chini akienda mtoni, ndefu kuliko ile nyingine, na watu walisema ni kwa ajili ya chuki.

Kisha Kemunto akafa, kifua kweli safari hii. Alizikwa vizuri mno. Kwaya mbili ziliimba, na mumewe, mzee sasa, alisimama kando ya kaburi akasema kwamba katika maisha yake hakuona mke mwaminifu kama yule, akalia. Nilitupa macho juu ya vichwa vya watu. Mkunga alikuwa mbali kwenye mpaka wa shamba, kati ya migomba, peke yake. Watu walipoanza kutupa udongo aliinama akachukua donge la udongo pale alipokuwa, akalitupa chini miguuni pake.

Jumapili iliyofuata mazishi nilipita tundu la ua. Mume wangu alikuwa ameondoka kwenda Masimba, nami nilibaki kumuuguza mama mkwe. Nilimkuta Mkunga mlangoni, akichambua mbuni katika ungo. Alinitazama miguu, kisha uso.

"Karibu, mokamwana. Kaa."

Nilikaa, nikalia kabla ya kusema. Aliniacha nilie. Nilimwambia ni mimi niliyesema, shambani, kwa mzaha.

"Najua. Wewe tu ndiye uliyefunua kikombe."

"Hukuwahi kuniuliza."

"Ningekuuliza nini? Ulikuwa msichana."

Nilimwambia nimeazimia kusimama kanisani Sabato ijayo, mbele ya watu wote, na kueleza kwamba Kemunto alijua, kwamba yeye Mkunga alidanganya ili kumwokoa, na kwamba hajawahi kumtilia mtu kitu chochote. Aliendelea kuchambua. Kisha akaniambia ile kahawa ilivyoanza. Jumapili baada ya kumzika mwana wa pili, Kemunto alikuja akitetemeka, hawezi kushika kikombe, akasema anataka kile chenye harufu. "Ni kitu kimoja tu alichowahi kuniomba," alisema. "Mwanamke yule hakuwahi kuomba kitu. Ningemnyima?"

"Basi niruhusu niseme."

"Walimzika vizuri?"

"Vizuri sana. Mumewe alimsifu, akalia."

"Basi unataka nini tena? Ukisimama wewe, utamfukua. Yule mzee atamkumbuka vipi? Mimi sikukaa miaka hii yote ndio wewe umfukue."

"Na wewe je, omong'ina?" Nilimwita hivyo, mama mzee, kwa heshima yote niliyokuwa nayo.

"Mimi niko hai. Aliye hai anaweza kubeba." Akaweka ungo chini. "Lakini kama unataka kunisaidia, kiko kitu. Jumapili ijayo usije peke yako. Leta mmoja, hata asiyenijua, mradi awe wa kuongea. Nataka kusikia watu wawili wakiongea humu ndani mimi nikiwa mekoni."

Nilimwahidi. Nilifikiri ni jambo jepesi. Nilianza na Moraa, ambaye sasa alikuwa mama wa watoto sita. Aliniambia, "Nipe sababu moja tu ya kuingia kwa mtu aliyekiri mwenyewe." Sababu nilikuwa nayo, iko kwenye ncha ya ulimi, nami nilikuwa nimekatazwa kuitoa. Nikaenda kwa mke wa jirani wa juu, aliyewahi kuzalishwa na mikono ile ile. Akasema ana mimba changa, atakuja siku nyingine. Nikaenda kwa binti wa shemeji yake, na huyo hakunifungulia mlango. Hadi Jumamosi jioni nilikuwa nimepita maboma saba.

Jumapili nikaenda peke yangu. Alikuwa amefagia uwanja hadi barabarani. Alikuwa amevaa leso mpya, na sebuleni kulikuwa na vigoda viwili vimetazamana, katikati sahani ya njugu. Alitoka mlangoni akatazama nyuma yangu, njiani.

"Mwenzako?"

"Alikuwa anakuja. Mtoto ameamka na homa."

Akatikisa kichwa polepole. "Homa ziko nyingi msimu huu," akasema. Aliingia jikoni, nikasikia kuni zikisukumwa chini ya birika. Nilikaa kwenye kigoda kimoja nikitazama kile kingine. Kisha sauti yake ikanijia kutoka mekoni, ya kawaida kabisa.

"Ongeeni basi. Nasikia kutoka huku."

Nikauliza habari za mahindi. Nikasogea kwenye kigoda cha pili, nikashusha sauti kidogo, nikajibu kwamba mahindi si mabaya, ila mvua imechelewa. Nikarudi kwenye cha kwanza nikauliza habari za watoto.